Wimbo wa Tisa Si Wangu

Nyasubi, Kahama
Alhamisi, mchana

Kabula mwanangu,

Wewe na mama yako mmekwenda sokoni kutafuta begi lenye zipu nzima, na mimi nimebaki hapa uani na kalamu yako na daftari lako la zamani. Barua hii naiandika kwa mkono wangu. Darasa nililoishia unalijua, la nne, na hilo la nne nililifikia kwa sababu mwalimu mkuu alipenda nilivyopiga filimbi kwenye gwaride. Herufi zangu ni kubwa kama kwato za ng'ombe, lakini zinasomeka. Ningeweza kumwita jirani aandike huku mimi nasema, kama tufanyavyo na barua nyingine. Hii nimekataa. Haitapita kwenye mdomo wa mtu mwingine.

Mzima nilivyo umeniacha ukiniona, kwa hiyo salamu tuziruke. Habari za basi, za kutokula vyakula vya njiani, za kumpigia shangazi yako ukifika Mbezi, mama yako ameshakwambia tangu Jumapili na atakwambia tena kesho alfajiri. Mimi nina jambo moja tu, na mama yako hawezi kukwambia kwa sababu hata yeye halijui. Ni habari ya ule wimbo wa tisa.

Mwezi uliopita uliniketisha hapahapa ukanisomea karatasi ya albamu yako unayokwenda kuirekodi Dar. Nyimbo tisa, kila mmoja umemwekea mtu aliyekutengeneza. Kuna yule Mkongo wa kwenye kanda zangu, ambaye nilikuwa nakukataza kumwiga nawe ukamwiga. Kuna yule Mmarekani wa zamani uliyekuwa unamsikiliza kwenye simu mpaka chaji inaisha. Kuna mwalimu wa kwaya wa Ushirombo aliyekufundisha kusoma nota, kazi ambayo mimi nisingeiweza. Ukaniambia, "Baba, hii ni jazi." Nikakujibu kwamba sisi bendi zetu zote ziliitwa jazi, hata ile ambayo haikuwa na tarumbeta hata moja. Ukacheka. Kisha ukafika mwisho wa karatasi ukasoma: wa tisa, "Mawe," kwa baba yangu, aliyeutunga na kunifundisha.

Mimi nikainuka nikaenda kutazama mbuzi. Ulidhani nimekwenda kujifuta machozi ya furaha, nikakuacha udhani hivyo. Mbuzi walikuwa wazima kabisa.

Kabula, ule wimbo sikuutunga.

Naliandika hilo mapema nisije nikakata tamaa kabla ya ukurasa wa pili. Sasa nikueleze lilivyokuwa.

Ujana wangu, kutoka Shinyanga mpaka Geita hapakuwa na mtu wa kusimama na saksafoni karibu yangu. Sijisifu. Nalisema mimi kwa sababu waliokuwa wanalisema wengi wamekufa. Bendi yetu ilikuwa ya kinu cha pamba, na pamba ikishauzwa kinu kilitupatia lori tukazunguka kupiga dansi. Mwaka mmoja tukaelekea machimboni upande wa Geita, ambako watu walikuwa wamefurika kama siafu. Huko difu ya lori ikakatika. Dereva akaondoka kutafuta nyingine, sisi tukakaa siku nne hatuna la kufanya.

Siku hizo mashine za kusagia mawe hazijafika. Mawe yenye dhahabu yaliletwa juu kutoka kwenye duara, ndiyo yale mashimo ya wachimbaji, na waliokuwa wanayaponda ni wanawake. Walikaa chini mstari mmoja, miguu imenyooshwa, jiwe kubwa katikati ya miguu, kanga zimefungwa kichwani mpaka kwenye nyusi kwa ajili ya vumbi. Nyundo zote zilipanda pamoja na kushuka pamoja. Kilichoziweka pamoja ni nyimbo.

Na pale palikuwa na desturi. Watunzi wa nyimbo wa kwetu, wale tunaowaita baningi, wana ya kufanana nayo, lakini ile ya waponda mawe ilikuwa kali zaidi. Mwanamke akitaka kuanzisha wimbo ambao si wake, kwanza anasimamisha nyundo hewani na kutaja mwenyewe. "Huu wa mama Ngolo, marehemu." Wenzake wanaitika, "Wake." Hapo ndipo nyundo zinashuka. Asipotaja, hawashushi. Nilimwona mmoja aliyesahau akabaki na nyundo yake juu, mkono unatetemeka, wenzake wanamtazama tu mpaka akakumbuka.

Kiongozi wao aliitwa Holo. Mwembamba, mrefu, sauti nene kuliko ya mwimbaji wetu wa kiume. Siku ya pili nilikwenda nikasimama karibu nao, saksafoni yangu shingoni, nimejipanga ili nitazamwe.

"Wewe wa bomba," akaniambia bila kuacha kuponda, "hilo linapika nini?"

"Linapika muziki, mayu."

"Mbona halitoi moshi?"

Mstari mzima ukacheka. Mwingine akasema, "Muulizeni kama ana mke. Mashavu yale yanataka mtu wa kuyapikia uji asubuhi na jioni."

"Mke sina," nikasema.

"Tumeshajua," akasema Holo. "Mwenye mke hazururi na bomba saa nne asubuhi."

Kisha akaanzisha wimbo wake mwenyewe. Kaka yake, Shija, alikuwa amefukiwa na duara mwaka uliotangulia, na hawakumtoa. Kwa Kisukuma ni mtamu zaidi. Kwa Kiswahili unasema hivi: jiwe, umemla kaka yangu, nirudishie hata jina lake. Ni hayo tu, yanazunguka, kila mzunguko unashuka kidogo. Mwanangu, nilikuwa nimepiga muziki miaka, na nywele za mikono zilinisimama kwenye jua lile.

Nikaomba niupulize. Wakakubali, kwa kutaka kuniona nikishindwa. Sikushindwa. Lakini nilipofika katikati, pale palipotulia, nikapajaza madoido kama tulivyozoea kwenye bendi. Holo akaacha kuponda.

"Hapo pana nyundo," akasema.

"Nyundo gani? Sijasikia kitu."

"Hapo nyundo ziko juu. Ukipuliza hapo tunapoteza hesabu, tunajiponda vidole. Nyamaza hapo."

Nikanyamaza hapo. Ikawa.

Ulipokuwa na miaka tisa uliniuliza, "Baba, hapa katikati mbona pametulia?" Nikakujibu, "Ufundi huo." Hukuridhika, nakumbuka ulivyokunja uso. Sasa umejua. Ni mikono ya wanawake kumi na wawili ikiwa hewani.

Siku lori lilipopona nilikwenda kumuaga. Akaniambia, "Kaupige huko uendako, sikunyimi. Ila utaje."

"Nitataja."

"Sema sasa nisikie."

Nikasema, "Huu wa Holo." Mstari mzima ukaitika, "Wake."

Na nilitaja. Nilitaja Shinyanga, nilitaja Nzega, nilitaja hapa Kahama wakati Nyasubi bado ni mashamba. Nilikuwa nasogea kwenye maikrofoni nasema, "Huu wa Holo, wa kule machimboni," kisha napuliza. Watu walikuwa wanaacha kucheza wanasimama. Hilo kwenye dansi halitokei, mtu amelipa kiingilio chake anataka kucheza.

Kisha tukaitwa Dar kurekodi kwa ajili ya redio. Ndani ya chumba kile palikuwa na baridi ya mashine, na mtu mwenye fomu akauliza wimbo mmoja mmoja, "Mtunzi nani?" Gitaa la solo akasema wa kwanza wake. Mwimbaji akasema wa pili na wa tatu wake. Yule mtu akanigeukia mimi. "Na huu wa saksafoni?"

Nikasema, "Mimi."

Haikuchukua hata muda wa kumeza mate. Kwa nini, nimejiuliza miaka yote hii. Si kwamba nilimsahau. Nilimwona kabisa, amekaa pale na kanga yake. Ni kwamba wenzangu wote walikuwa watunzi na mimi sikuwa. Hili sijawahi kumwambia mtu: nilikuwa naweza kupiga chochote nilichosikia mara moja, kuliko yeyote, lakini kutunga sijawahi. Hata kimoja. Na niliona aibu kusema mbele ya watu wa Dar kwamba kitu kizuri kuliko vyote tulivyokuja navyo kimetungwa na mponda mawe.

Wenzangu walisikia. Hakuna aliyeniumbua. Tulipotoka nje mpiga ngoma alisema tu, "Kumbe wako," nami nikamwambia, "Nyamaza wewe."

Wimbo ukapigwa redioni mpaka ukanipa jina. Wazee wa hapa bado wananiita Bwana Mawe, na wewe ulikua ukiliona hilo kama heshima ya nyumba yetu.

Ngoja kwanza, lililo baya zaidi bado. Holo aliusikia. Huko machimboni walikuwa na redio moja kwenye mgahawa, na yeye akausikia wimbo wa kaka yake ukitangazwa kwa jina langu. Akapanda lori la mizigo mpaka Shinyanga, yeye na mwenzake mmoja. Ilikuwa Jumapili, tunapiga bugi, dansi la mchana. Wakati wa mapumziko nikamwona amesimama mbele ya jukwaa, amevaa gauni la kanisani, viatu amevishika mkononi.

"Nimekuja kukusikia unavyonitaja," akasema. Hakusema kwa ukali. Nadhani alikuwa ananipa nafasi.

Nikamwambia, "Kaa, mayu, utasikia."

Tukarudi jukwaani. Kiongozi wa bendi akatangaza, "Na sasa, Bwana Mawe na utunzi wake." Ukumbi ukapiga makofi. Maikrofoni ilikuwa mbele yangu, karibu hivi. Nikapuliza. Na nikwambie, sijawahi kuupiga vile kabla wala baada. Nilipiga kama mtu anayekimbia. Na pale kwenye pengo, kwa mara ya kwanza tangu siku ile machimboni, nilipajaza. Niliogopa kunyamaza wakati ananitazama. Nilipofumbua macho hakuwepo.

Wewe unajua hadithi ya mimi kuacha bendi. Nimewahadithia mara nyingi, jinsi mwimbaji alivyonionea wivu. Si kweli, alikuwa mtu mzuri yule. Kilichotokea ni kwamba kila mtu alikuwa anasubiri wimbo wangu wa pili. Kiongozi alikuwa ananiuliza kwa upole, "Bwana Mawe, huna kingine?" Nikasema vipuri vya saksafoni vimechoka. Nikasema mpiga ngoma ananitoa kwenye mawazo. Nikasema Shinyanga kuna joto. Miaka ikapita hivyo, nikawa mkali, nikagombana nao mmoja mmoja, kisha nikaondoka nikisema hawanithamini. Uongo wa neno moja ulinifanya nimchukie kila aliyenipenda kwa ajili yake. Sikwambii hilo kama somo. Ndivyo ilivyokuwa tu.

Halafu ukaja wewe. Uliichukua saksafoni ile mbovu, nimeibandika ngozi ya mbuzi kwenye vifuniko na raba za tyubu ya baiskeli mahali pa springi, ukaitoa sauti siku ya kwanza wakati kaka zako walitoa mate tu. Nilitaka nikupe kitu. Nikatazama nilicho nacho, na kizuri kilikuwa kimoja. Nikakufundisha ule. Kwa hiyo pumzi yako yote, huo utulivu wako ambao watu wa Mwanza walikuita kwenye hoteli zao kuusikiliza, umeanzia pale chini kwenye mawe. Umefundishwa na Holo, mimi nilikuwa njia tu.

Wiki iliyopita nilimwambia mama yako nakwenda Segese kutazama dume la kununua. Dume sikulitazama. Nilikuwa nimesikia kwa muda mrefu kwamba Holo alihamia pale kwa mwanaye Minza, na kwa muda huohuo nimekuwa nikipita Segese kwenye basi nikitazama upande wa pili. Safari hii nikashuka. Nikamkuta uani anabambua karanga. Amekuwa mdogo. Mawe yalimla sikio moja na kifua kinamsumbua.

"Mwadila, mayu," nikamwamkia kama wenye umri mmoja.

"Mwadila." Hakuinua macho. "Hiyo sauti ni ya mtu wa bomba."

Nikakaa. Minza akaniletea maji, nikayaweka chini.

"Umeleta nini?" akauliza Holo.

"Nimekuja kusema."

"Sema upande huu, ule mwingine hausikii."

Nikasema yote. Fomu, jina, dansi la mchana. Akaendelea kubambua karanga.

"Hayo nayajua," akasema nilipomaliza. "Mimi ndiye niliyeibiwa. Nilidhani umekuja na jipya."

Basi nikamweleza habari zako. Kwamba nina binti anayepuliza, kwamba ameitwa Dar, kwamba anataka kuurekodi tena.

"Anaupiga vizuri?"

Kabula, unanijua. "Kuliko mimi," nikasema.

"Hilo ndilo jipya," akasema, na hapo akanitazama. "Pale katikati, ananyamaza?"

"Ananyamaza. Hajui kwa nini, lakini hajawahi kupajaza."

Akaacha kubambua, ganda la karanga liko katikati ya vidole. Nikamwambia nitahakikisha jina lake linaandikwa. Akasema, "Waandike, ni haki yangu, Minza atasoma. Ila mimi sisomi. Ninachotaka ataje kwa mdomo, kabla hajapuliza, kama tulivyokuwa tunafanya. Na amtaje Shija. Wimbo niliutunga kwa ajili yake, na nimeusikia redioni mara nyingi bila mtu hata mmoja kujua kuna maiti ndani yake."

Nikamwimbia kidogo, kwa mdomo, ile namna tunavyoupiga sisi, pamoja na ule mwisho wa kupanda juu kabla ya kurudi. Kile kipande cha kupanda ni changu, nilikiongeza mimi, ukitaka niape nitaapa.

"Hapo ndipo ulipouharibu," akasema Holo.

Minza akacheka mpaka ungo wa karanga ukamwagika. Mimi nilikataa palepale na bado nakataa. Kipande kile ni kizuri. Ila wewe ndiye mpigaji sasa, amua mwenyewe.

Kwa hiyo nakuomba mambo haya, na sijazoea kukuomba. Wapigie wale wa studio leo, wasingoje ufike, wafute jina langu kwenye wimbo wa tisa na waandike Holo. Ukiingia kwenye kile chumba cha baridi, kabla hujaweka mdomo, sema: huu wa Holo, na wa kaka yake Shija. Watu wa mashine watakuambia sauti ya maneno haikupangwa pale. Wabishie. Ubishi umenirithi mimi na umekuwa ukiutumia kwa mambo madogo. Na kama mtu mwenye elimu yake akikushauri pale katikati pana uwazi, pawekwe kinanda, mwambie hapo nyundo ziko juu.

Jina langu lisipokuwepo popote kwenye albamu yako sitanung'unika, au nitanung'unika kwa mama yako tu. Ukitaka kuniweka, andika kwamba nilikufundisha kushika saksafoni na kuvuta pumzi. Hilo ni kweli, na nililifanya vizuri kuliko mtu yeyote wa mkoa huu angeweza.

Nilifikiria kuiweka barua hii kwenye kasha la saksafoni, uikute ukifika Singida huko, mimi niko mbali nimekaa salama. Nimeona nitakuwa nimekimbia tena. Nitakupa mkononi mkiingia tu, kabla mama yako hajatua mzigo. Uisome hapa mbele yangu. Ukimaliza, usiharakishe kusema umenisamehe, ng'wanawane, wala usiseme haidhuru. Uliza. Chochote utakachouliza nitajibu, hata mama yako akiwa anasikia.

Baba yako,
Jilala, mpigaji saksafoni.